Pampu inanguruma lakini haizunguki? Tazama kapasita kwanza

Kama unaishi katika jumba la ghorofa mjini, maji unayoogea asubuhi aghalabu hayafiki kwenye mfereji wako kwa nguvu zake yenyewe. Hutoka kwenye tangi lililoko juu ya paa, na yalipandishwa huko na pampu ndogo ya stima iliyofichwa karibu na ngazi. Siku pampu hiyo inapogoma, ploti nzima hujua. Ndoo hupangwa foleni, watoto huchelewa shuleni, na mwenye nyumba hapumui kwa simu za wapangaji.

Fundi anapoitwa hukuta pampu ikinguruma tu, mmmm, wala haizunguki. Anaigusa, anaona ina moto, anatikisa kichwa, kisha anatoa hukumu: "Hii mota imeungua, ni kusukwa upya." Huenda anasema kweli. Lakini huenda pia mota ni nzima kabisa, na kilichokufa ni kijidude kimoja cha duara, kinachotoshea kwenye kiganja, kilichofungiwa ndani ya kisanduku kilicho mgongoni mwa pampu. Kijidude hicho huitwa kapasita. Mafundi wa zamani hukiita kondensa. Bei yake ni sehemu ndogo tu ya gharama ya kusuka mota, na kukibadilisha huchukua dakika chache.

Basi msomaji, hebu tukifahamu kijidude hiki. Nawe mwanafunzi unayesoma fizikia usiruke ukurasa, kwa maana yale unayoyakariri darasani kuhusu mikondo ya stima yako hapa, ndani ya pangaboi la sebuleni kwenu.

Stima isiyojua kuzunguka

Stima inayoingia katika nyumba nyingi za Kenya ni ya fezi moja, yaani waya mmoja wenye moto na mwingine wa kurudishia. Nguvu yake ni volti 240, na hubadili mwelekeo wake huku na huko mara 50 kamili kila sekunde. Safari moja ya kwenda na kurudi huchukua milisekunde 20. Viwandani mambo ni tofauti. Huko huletwa nyaya tatu zenye moto, na mikondo yake hupokezana zamu mmoja baada ya mwingine. Mota ya kiwandani ikipewa nyaya hizo tatu huanza kuzunguka yenyewe bila kusaidiwa. Ya nyumbani haina bahati hiyo.

Ukifungua mota ya pampu utaona sehemu mbili kuu. Ya nje imetulia tuli, nayo ina koili za waya wa shaba zilizosokotwa na kupachikwa katika mifuo ya chuma. Hiyo ni steta. Ya ndani, inayozunguka, huitwa rota. Wengi hushangaa kuona kwamba rota hii haina waya wowote unaoingia ndani yake kutoka nje. Ni chuma kilichopitishiwa vyuma vyembamba vya alumini na kuunganishwa miishoni kwa pete mbili, mithili ya tundu la ndege. Stima yake huzaliwa humo humo ndani, kwa sababu sumaku ya koili za nje inabadilika kila mara mbele yake. Kanuni hiyo aliigundua Mwingereza Michael Faraday mwaka wa 1831, na hadi leo ndiyo inayopandisha maji ghorofa ya sita.

Ila kuna tatizo. Koili moja iliyounganishwa na stima ya fezi moja hutoa sumaku inayogeuka juu na chini, juu na chini, mara 50 kwa sekunde. Haizunguki. Wanafizikia huieleza hivi: sumaku hiyo ni sawa na sumaku mbili zenye nguvu sawa, moja ikizunguka kuume na nyingine ikizunguka kushoto. Rota iliyosimama huvutwa na zote mbili kwa nguvu zile zile. Haiwezi kumfuata huyu wala yule, basi inabaki pale pale ikitetemeka na kunguruma.

Umewahi kumwona fundi wa nguo akianza kazi kwenye cherehani ya miguu barazani? Kanyagio likiwa limesimama mahali pabaya, hata akanyage namna gani gurudumu haliendi. Ndiyo maana kabla ya kukanyaga huligusa gurudumu kwa mkono na kulisukuma kidogo. Likishashika mwendo, miguu inatosha. Tena akilisukuma upande usiofaa, gurudumu litakwenda upande huo huo na uzi utakatika. Mota ya fezi moja ina tabia hiyo. Ikisukumwa kuume itakwenda kuume, ikisukumwa kushoto itakwenda kushoto, na ikishashika kasi haihitaji tena kusukumwa. Rota inayozunguka huanza kutoa sumaku yake ya pembeni, iliyochelewa kidogo nyuma ya ile ya koili, na sumaku hizo mbili kwa pamoja ndizo zinazoiendesha.

Swali basi ni moja: nani atakuwa mkono wa fundi wa nguo?

Jaribu hili jikoni

Chukua kikombe chenye maji nusu. Kitikise kushoto na kulia tu. Maji yatapiga ukuta huu na ukuta ule, lakini hayatazunguka. Sasa ongeza mtikiso wa mbele na nyuma, ila usiutoe wakati ule ule na wa kwanza. Uutoe ukiwa umetangulia kidogo. Mara maji yataanza kuzunguka kwenye kikombe. Ndivyo kila mmoja wetu anavyosuza kikombe, ingawa hatujawahi kulifikiria jambo lenyewe. Mitikiso miwili iliyokingamana, mmoja ukiutangulia mwenzake, huzaa mzunguko. Ukiitoa yote kwa wakati mmoja, maji yatakwenda mshazari tu na kurudi.

Hiyo ndiyo siri ya mota. Mwitaliano Galileo Ferraris aliionyesha mjini Turin mwaka wa 1885 kwa chombo chenye koili zilizokingamana, na Nikola Tesla akapewa hataza zake nchini Marekani mwaka wa 1888. Kila mmoja alifika hapo kwa njia yake. Watu bado hubishana nani alitangulia, na mimi sitaingia katika ugomvi huo.

Ndani ya mota ya pampu yako basi mna koili mbili, si moja. Ile kuu hupata stima moja kwa moja. Ya pili, ya kuanzishia, imepachikwa ikikingamana na ya kwanza. Lakini zote mbili zinakula kutoka kwa waya ule ule mmoja! Ukiziacha hivyo mitikiso itakuja kwa karibu wakati mmoja, na maji hayatazunguka kikombeni. Lazima mkondo wa koili ya pili utangulizwe. Kinachoutanguliza ni kapasita.

Kapasita ni karatasi mbili nyembamba za madini zilizotenganishwa na kitu kisichopitisha stima, kisha zikaviringishwa kama mkeka. Stima haipenyi kutoka karatasi moja hadi nyingine. Hujazana upande mmoja, kisha hutolewa na kujazana upande wa pili. Fikiria matatu tupu inapofika kituoni jioni. Abiria huingia kwa fujo zaidi wakati ingali tupu, na kadiri viti vinavyojaa ndivyo wanavyopungua mlangoni. Kwenye kapasita pia mkondo huwa mkubwa kabisa kabla volti hazijafika kileleni. Kwa hiyo mkondo hutangulia volti kwa robo ya safari, ambayo kwa stima yetu ni milisekunde 5.

Koili hufanya kinyume. Ni kama mkokoteni uliosheheni magunia: unausukuma lakini unakawia kuondoka, na ukiacha kuusukuma bado unaendelea. Mkondo wa koili huchelewa. Koili kuu ikichelewesha na kapasita ikitanguliza ule wa koili ya pili, pengo baina yao hukaribia robo ya safari, na sumaku ndani ya mota huanza kuzunguka kama maji ya kikombe. Rota huifuata.

Haiifikii, hata hivyo. Kwa stima ya mizunguko 50, sumaku ya mota yenye ncha mbili huzunguka mara 3,000 kwa dakika, ilhali kibandiko cha pampu aghalabu huandikwa tarakimu kama 2,850. Si kosa la mchapishaji. Rota ikienda sambamba na sumaku haitahisi mabadiliko yoyote, stima haitazaliwa ndani yake, na nguvu itakwisha. Sharti ibaki nyuma kidogo.

Ya kuanzishia na ya kudumu

Hapa ndipo wanunuzi wengi hupotelea. Kapasita za mota ziko za aina mbili, na moja haishiki zamu ya nyingine.

Ya kwanza ni ya kuanzishia. Hii ni kubwa kwa kipimo, kuanzia kama maikrofaradi 70 hadi mia kadhaa, na mara nyingi huwa na ganda jeusi la plastiki. Kazi yake ni kutoa msukumo mkali kwa muda mfupi sana, sekunde moja mbili tatu hivi, kisha ikae kando. Hupatikana kwenye mashine zinazoanza zikiwa na mzigo: kompresa za kupulizia rangi, mashine za kukatakata majani ya ng'ombe, na baadhi ya vinu vidogo vya kusaga. Ndani ya mota huwa na swichi yenye vyuma vinavyotanuka kwa mzunguko. Kasi ikifika kama asilimia 75, swichi hiyo huikata kapasita. Ukisikiliza mashine hiyo ikizimwa utasikia "tak!" inapokaribia kusimama. Hiyo ni swichi ikirudi mahali pake kungojea safari nyingine.

Ya pili ni ya kudumu. Ni ndogo kwa kipimo, lakini imeundwa kubaki kazini muda wote mota inapozunguka. Pangaboi la darini hutumia kama maikrofaradi 2 hadi 3 na nusu. Pampu ndogo ya nusu nguvu-farasi hutumia kama 8 hadi 12, na kubwa zaidi huhitaji zaidi. Kapasita hii haianzishi mota tu, bali huifanya izunguke kwa utulivu, bila mtetemo mwingi, na kwa mkondo mdogo wa stima. Mashine nyingine huwa nazo zote mbili.

Hasara ya kuzichanganya ni kubwa. Ukiweka ya kuanzishia mahali pa ile ya kudumu, itachemka na kupasuka. Ukiweka ya kudumu ambayo ni kubwa kupita kiasi kwa nia ya "kuipa mota nguvu", koili ya pili itabeba mkondo usiokuwa wake na itaungua polepole. Ushauri huu wa kuongeza maikrofaradi husikika sana madukani, nami siuafiki hata kidogo. Soma kipimo kilichoandikwa kwenye kapasita ya zamani au kwenye kibandiko cha mota, ununue hicho hicho. Volti zilizoandikwa ziwe sawa na za awali au zaidi, zisipungue kamwe. Kapasita za kudumu kwa kawaida huwa za volti 400 au 450, ingawa stima yetu ni 240, kwa sababu mota inapozunguka volti zinazoifikia kapasita huweza kupita zile za ukutani.

Mwanafunzi anaweza kukokotoa mwenyewe. Zidisha 2 kwa pai, kwa 50, kwa maikrofaradi 10, kisha kwa volti 240. Utapata kama ampea 0.75. Huo ndio mkondo ambao kapasita ya 10 ingepitisha kama ingeunganishwa na stima peke yake. Ikichakaa hadi maikrofaradi 6, mkondo nao hushuka hadi ampea 0.45, na msukumo wa kuanzishia hupungua.

Na huchakaa kweli. Karatasi za kapasita za siku hizi ni plastiki nyembamba iliyopakwa madini. Kila volti zinaporuka ghafla, cheche ndogo huweza kutoboa mahali, na madini yaliyozunguka tundu hilo hufukizwa ili kapasita ijiponye. Inajiponya, lakini kila mara inapoteza kipande kidogo. Ndiyo sababu pangaboi lililovuma sana lilipokuwa jipya, baada ya miaka kadhaa huzunguka kwa uvivu hata ukiliweka namba tano. Watu hulaumu stima ya mtaani, ilhali mara nyingi ni maikrofaradi zilizokwisha.

Stima hafifu nayo ina lawama yake. Nguvu ya mota ya kuzungusha hupungua kwa mraba wa volti. Volti zikishuka kutoka 240 hadi 200, nguvu inayobaki ni kama asilimia 70 tu. Pampu iliyokuwa na kapasita dhaifu na bado ikijikongoja itashindwa kabisa saa moja usiku, wakati mtaa mzima unapika na kupiga pasi.

Kwa nini kunguruma ni hatari

Mota iliyokwama huku stima inaingia hunywa mkondo mara 4 hadi 7 ya ule wa kawaida. Joto ndani ya waya huongezeka kwa mraba wa mkondo, kwa hiyo mkondo ukiwa mara 5, joto ni mara 25. Rangi inayofunika waya wa shaba haistahimili hayo kwa muda mrefu. Pampu nyingine zina kinga ndani inayokata stima joto likizidi. Hiyo utaitambua kwa sababu pampu hunguruma, hunyamaza, kisha baada ya dakika kadhaa hunguruma tena. Lakini si zote zilizo nayo. Msimamizi wa ploti anayeiacha pampu ikinguruma kwa matumaini kwamba "itashika tu" ndiye anayegeuza ununuzi wa kapasita kuwa gharama ya mota nzima. Ukisikia mngurumo bila mzunguko, zima mara moja.

Si kila mngurumo unatokana na kapasita. Huenda kutu imekamata gurudumu la pampu, hasa iliyokaa miezi bila kutumiwa, au beringi zimekwama, au koili yenyewe imekatika. Kuna njia nyepesi ya kubagua. Stima ikiwa imezimwa na plagi imetolewa, zungusha ekseli ya mota kwa bisibisi kutoka upande wa feni yake ya nyuma. Ikizunguka kwa ulaini, kutu na beringi hazina kosa, na mshukiwa wa kwanza ni kapasita. Ikikataa, kapasita mpya haitakufaa kitu.

Pangaboi la darini lina jaribio lake. Likinguruma bila kuanza, lisukume pole pole kwa mti mkavu wa ufagio. Likishika mwendo na kuendelea, kapasita karibu imekwisha kazi, au mara chache koili ya pili imekatika. Jaribio hili ni la pangaboi pekee. Usithubutu kulifanya kwenye pampu, kompresa au mashine ya kukata majani. Zikishika mwendo ghafla zitaondoka na vidole.

Mwombe fundi apime kapasita mbele yako kabla hajafungua mota. Mita nyingi za kisasa zina mahali pa kupimia maikrofaradi. Kapasita ya kudumu iliyoandikwa 10 yenye alama ya asilimia 5 inapaswa kusoma kati ya 9.5 na 10.5. Ikisoma 6, itupwe. Ikiwa imevimba, imepasuka au inatoa mafuta, haina haja hata ya kupimwa. Fundi anayekataa kufanya kipimo hicho cha dakika moja na kung'ang'ania kuibeba mota karakana, tafuta mwingine.

Sasa neno kwa wazazi ambao watoto wao hupenda kufungua vitu. Kapasita huweza kubaki na stima hata baada ya plagi kutolewa. Stima ya volti 240 hufika kileleni karibu volti 340, na kapasita huweza kubaki imejazwa hadi hapo. Kapasita ya kuanzishia ya maikrofaradi 200 ikiwa na volti hizo huwa imebeba nishati ya jouli 11 na zaidi, ambayo ni kiasi cha kuinua pakiti ya kilo moja ya unga kwa mita moja na kidogo, na yote huachiliwa kwa kufumba na kufumbua. Hata ile ndogo ya pangaboi huweza kumshtua mtu aliye juu ya ngazi akaanguka, na kuanguka ndiko kunakomvunja.

Fundi mwangalifu huitoa stima hiyo kwa kuunganisha rezista ya kilo-omu 10 hadi 20 kwenye miguu miwili ya kapasita kwa sekunde kadhaa, kisha hupima kwa mita kuhakikisha imebaki sufuri. Ile desturi ya kuigusisha kwa bisibisi hadi itoe cheche huiharibu kapasita nzima na huweza kumchoma mtu macho. Na kapasita ya jiko la maikrowevu ni jambo jingine kabisa. Hubeba maelfu ya volti na imeshaua watu. Hiyo asiiguse yeyote asiyefunzwa kazi hiyo.

Mkitaka mfano mmoja zaidi wa ujanja wa kapasita, tazameni mashine ya kufulia yenye matangi mawili. Humo koili mbili za mota ya kufulia zinalingana, na saa ya mashine huihamisha kapasita kutoka koili hii hadi ile kila baada ya muda. Kapasita ikiwa huku, nguo huzungushwa kuume. Ikiwa kule, huzungushwa kushoto. Kijidude kile kile kimoja huzifua nguo pande zote mbili. Katika blenda, kwa upande mwingine, msiitafute kapasita ya kuanzishia. Mota ya blenda hutumia brashi za kaboni, na kunguruma kwake kuna sababu nyingine.

Na wenye mashine kuukuu shambani, zilizoundwa kabla ya miaka ya 1980, wawe macho na kapasita za bati zenye mafuta ndani. Baadhi yake zilitiwa kemikali za PCB, ambazo zimo katika orodha ya sumu zinazoondolewa duniani chini ya Mkataba wa Stockholm wa mwaka wa 2001. Usizitoboe, usizichome pamoja na takataka, wala usiyapake mafuta yake kwenye kidonda au mlango unaolia. Zifunge katika mfuko wa plastiki, uzipeleke kwa wakusanyaji wa taka za kielektroniki wenye leseni.